Msema Pweke Hakosi: Akiolojia na Tuhuma ya Vita Vilivyoiangamiza Gede

Utangulizi

Wahenga walinena kwamba msema pweke hakosi. Methali hii ndiyo itakayotuongoza katika makala haya, kwa kuwa tunakusudia kuichunguza kesi ambayo kwa miaka mingi imesikilizwa upande mmoja tu. Mlalamikaji ni miji ya kale ya pwani ya Kenya, hususan Gede. Mshtakiwa ni Waoromo, ambao vitabu vingi vya zamani viliwaita Wagala. Shtaka ni kwamba walishuka kutoka kaskazini kwa mikuki, wakaivamia miji ya Waswahili na kuiacha magofu.

Mwandishi wa makala haya amelelewa Sericho, katika Kaunti ya Isiolo, upande ambao mto Ewaso Ng'iro huelekea kufifia ndani ya kinamasi cha Lorian. Lugha ya nyumbani kwetu ni Kiborana, ambacho ni tawi la Kioromo. Kutoka Sericho hadi Gede ni mwendo wa siku nyingi kwa miguu, na mtoto wa huko hukua bila kuona bahari. Hata hivyo, nilipoanza kusoma historia ya Waswahili darasani, niliwakuta watu wa lugha yangu wametajwa katika sentensi moja pekee, nao walitajwa kama waharibifu. Sentensi hiyo haikueleza jambo hilo linajulikanaje. Hapo ndipo lilipozaliwa swali la makala haya: je, ardhi yenyewe inasema nini?

Kabla ya kuendelea, yafaa mambo mawili yaeleweke. Kwanza, jina "Wagala" lilitolewa na majirani. Waoromo hawajiiti hivyo, na leo jina hilo huhesabiwa kuwa tusi. Tutalitumia tu pale tunapotaja maneno ya wengine. Pili, Waborana wa Isiolo sio waliopakana na miji ya pwani. Waliopakana nayo ni mababu wa Waorma, ambao leo wanaishi kandokando ya Mto Tana. Lakini asili ya lugha ni moja, na tuhuma ikishatamkwa haichagui ukoo.

Vita huacha nini ardhini?

Mwanaakiolojia anayetafuta vita hutazama dalili tano. Ya kwanza ni tabaka la majivu na udongo ulioiva kwa moto, lililoenea katika sehemu kubwa ya mji kwa wakati mmoja. Ya pili ni silaha zilizobaki pale zilipotumika: vichwa vya mishale, risasi, mizinga. Ya tatu ni mifupa ya watu waliokufa kwa nguvu, hasa ambao hawakuzikwa kwa desturi yao. Ya nne ni ngome na kuta zilizojengwa au kuimarishwa kwa haraka. Ya tano ni kuhama kwa ghafla, ambako watu huacha mali ambayo kwa kawaida wangeibeba.

Afrika Mashariki ina mifano iliyo wazi. Huko Nataruk, magharibi mwa Ziwa Turkana, watafiti walifukua mabaki ya watu wasiopungua 27 walioishi miaka 10,000 hivi iliyopita. Kati ya mifupa 12 iliyokutwa ikiwa imeungana kwa kiasi kikubwa, 10 ilikuwa na dalili za kifo cha nguvu, na kipande cha jiwe kali kilikutwa kimekwama katika fuvu la mmojawapo. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 2016, na ingawa wataalamu wengine waliyapinga katika baadhi ya vipengele, angalau kulikuwa na kitu mkononi cha kubishania.

Mfano wa pili uko Mombasa. Waomani na washirika wao waliizingira Ngome ya Yesu kuanzia Machi 1696 hadi Desemba 1698. Mnamo Oktoba 1697 merikebu ya Kireno iitwayo Santo António de Tanná ilizama mbele ya ngome hiyo. Kati ya mwaka 1977 na 1980 wapiga mbizi waliichunguza kwa utaratibu, na vitu walivyovitoa vikahifadhiwa katika makumbusho ya ngome. Hapa maandishi na mabaki yanakubaliana: chombo kinajulikana, mahali panajulikana, na mwaka unajulikana.

Hata hivyo, dalili hizo zina mipaka yake. Mpaka wa kwanza ni wakati. Kipimo cha kaboni hutoa makadirio ya miongo, ilhali jeshi hupita kwa wiki moja. Kigae cha bakuli la China hutuambia bakuli lilitengenezwa lini, wala hakituambii lilivunjika lini. Sarafu za shaba za Kilwa zina majina ya masultani lakini hazina tarehe. Mpaka wa pili ni jina. Mkuki hausemi Kioromo wala Kisegeju. Jivu halina kabila. Ardhi inaweza kutuambia kwamba mji uliungua, lakini ni nadra ituambie ni nani aliyewasha moto.

Funzo kutoka Roma

Tatizo hili si la pwani yetu pekee. Wanahistoria wa Ulaya wamelikabili katika habari za Wavisigothi. Watu hao walivuka mto Danube mwaka 376 na kuingia katika dola ya Roma wakiomba hifadhi. Mwaka 378 walilishinda jeshi la dola hiyo huko Adrianople. Chini ya kiongozi wao Alaric waliingia Ugiriki mwaka 395, na tarehe 24 Agosti mwaka 410 waliingia Roma yenyewe, wakaipora kwa siku tatu.

Walioandika habari hizo wengi walikuwa watu wa dola iliyoshambuliwa. Wanaakiolojia walipoanza kuchimba, ikawa desturi kwamba kila tabaka la majivu la wakati ule, iwe Athens au Roma, lilihesabiwa kuwa kazi ya Alaric. Ushahidi mashuhuri ni sarafu zilizoyeyuka na kugandamana na sakafu ya marumaru ya Basilica Aemilia, katikati ya Roma. Moto ulikuwepo bila shaka, na sarafu zinaukaribisha na mwaka 410. Ila hakuna sarafu iliyoandikwa jina la aliyeuwasha.

Jambo kubwa zaidi ni kwamba Roma haikuhamwa mwaka 410. Iliporwa, ikaomboleza, ikaendelea kuwa mji. Wavisigothi nao hawakubaki kuwa waporaji milele: mwaka 418 walipewa makao kusini mwa Ufaransa ya leo, baadaye wakatawala Hispania hadi mwaka 711, na mfalme wao Leovigild alianzisha mji wa Reccopolis mwaka 578. Kwa hiyo tunajifunza mambo mawili: moto wa vita haumaanishi kifo cha mji, na aliyeitwa mharibifu huweza kuwa mjenzi. Tukiwa na mizani hiyo, turejee pwani.

Hati ya mashtaka

Haitakuwa haki kudai kwamba tuhuma dhidi ya Waoromo ilibuniwa tu. Mwaka 1593 mtawa wa Ethiopia aitwaye Bahrey aliandika kitabu kuhusu kuenea kwao. Alieleza jinsi rika moja baada ya jingine, kwa mpangilio wa gada wa miaka minane minane, lilivyokwenda vitani katika nchi ambayo rika lililotangulia halikuifikia. Bahrey aliandika juu ya Ethiopia, si pwani; lakini maelezo yake yanaonyesha jamii iliyokuwa katika mwendo. Mwaka 1624 Jerónimo Lobo, padri Mreno aliyetafuta njia ya kufika Ethiopia kupitia nchi kavu, alisafiri kutoka Pate kuelekea eneo la mto Juba na kuwakuta Waoromo huko. Kwa hivyo mwanzoni mwa karne ya 17 walikuwa tayari majirani wa Waswahili wa kaskazini.

Simulizi za Wamijikenda nazo zinadai kwamba walitoka Shungwaya, kaskazini, kwa kusukumwa na Waoromo, wakajificha katika kaya zilizozungukwa na misitu. Hata ramani inashuhudia. Mto ambao karibu na bahari huitwa Sabaki, upande wa juu huitwa Galana. Na yeyote anayezungumza Kiborana atakwambia kwamba "galaan" ni mto. Inasemekana pia kwamba jina Gede lenyewe lina asili ya Kioromo, kwa maana ya kitu cha thamani. Watu hawaachi jina mahali ambapo hawakukanyaga.

Kwa hiyo swali letu si kama Waoromo walifika. Walifika. Swali ni kama kufika kwao ndiko kulikoiua miji. Kuishi jirani na mto ni jambo moja. Kuuchoma mji ni jambo jingine.

Gede yenyewe inasemaje?

Gede iko kilomita 15 hivi kusini-magharibi mwa Malindi, kilomita chache kutoka ufukweni. Ilitangazwa kuwa eneo la kihistoria mwaka 1927. James Kirkman alianza kuichimba mwaka 1948 na kuendelea kwa takriban miaka kumi. Mwaka 2024 UNESCO iliiingiza katika orodha ya Urithi wa Dunia. Kuta zake za nje zinazunguka eneo la ekari 45 hivi, lenye kasri, msikiti mkuu, misikiti midogo, nyumba za mawe ya matumbawe, visima na makaburi. Kaburi moja lina tarehe ya mwaka 802 wa Hijria, yaani 1399 Miladia.

Kirkman alizipa nyumba majina kufuatana na vitu alivyovikuta ndani yake: Nyumba ya Mkasi, Nyumba ya Taa ya Chuma, Nyumba ya Sanduku la Pembe, Nyumba ya Fedha za Kichina. Mtu akitembea humo huku akiyasoma majina hayo, hushawishika kuamini kwamba wenyeji walitimka wakiacha kila kitu. Lakini mkasi mmoja na taa moja si mali ya nyumba nzima. Ni vitu vinavyoweza kudondoka, kusahaulika au kutupwa hata na anayehama kwa utulivu. Taarifa za uchimbaji huo hazielezi tabaka pana la majivu lililoufunika mji, wala mifupa ya waliouawa iliyotapakaa vichochoroni. Yaani dalili tatu za kwanza katika zile tano tulizozitaja hazionekani.

Dalili ya nne ipo. Ndani ya ukuta wa zamani ulijengwa ukuta mwingine katika karne ya 16, ukilizunguka eneo dogo zaidi lenye kasri na msikiti mkuu. Watu waliobaki walijikusanya katikati na kuliacha eneo la nje. Ukuta ni ushahidi wa hofu, na hofu haina budi kuwa na sababu. Lakini tuwe waangalifu: ukuta unatuambia watu waliogopa, hautuambii walimwogopa nani. Katika karne hiyohiyo Wareno waliipora Kilwa na Mombasa mwaka 1505. Malindi na Mombasa zilikuwa mahasimu wa kudumu. Na mwaka 1589 Wazimba walipanda kutoka kusini hadi Malindi, wakashindwa huko kwa msaada wa Wasegeju. Mwenyeji wa Gede alikuwa na orodha ndefu ya watu wa kuogopa.

Fauka ya hayo, kuna ushahidi wa aina nyingine ambao hauhusiani na mkuki wowote. Kisima kilicho nje ya ukuta wa kaskazini wa msikiti mkuu kilichimbwa zaidi na zaidi kwenda chini, jambo lililomfanya Kirkman mwenyewe aamini kwamba maji yalikuwa yakipungua. Vilevile, mtawala wa Malindi alihamia Mombasa mwishoni mwa karne ya 16, na Wareno walipoanza kujenga Ngome ya Yesu mwaka 1593, uzito wa biashara na siasa uliondoka upande wa Malindi. Gede ikabaki na kisima kinachokauka na soko linalohama. Kirkman aliyataja yote mawili pamoja na tishio la Waoromo. Wasomaji wake wengi walilishika neno la mwisho wakayasahau mawili ya kwanza.

Isisahaulike pia kwamba kitabu chake cha mwaka 1954 kiliiita Gede mji wa Waarabu. Kwa fikra hizo, mji ulikuwa wa wageni na bara ilikuwa ya maadui, hivyo adui kutoka bara alionekana kuwa jibu lililo tayari. Utafiti uliofuata ulibadilisha picha hiyo. Mark Horton, aliyechimba Shanga kuanzia mwaka 1980, alionyesha jinsi mji wa Waswahili ulivyokua kutokana na kijiji cha wenyeji. George Abungu alichunguza mahusiano ya miji ya delta ya Tana na jamii za juu ya mto. Pwani na bara zilibadilishana bidhaa kwa karne nyingi, na Waoromo wenyewe baadaye waliwauzia watu wa Lamu na Pate pembe za ndovu na mifugo. Mtu hamchinji mnunuzi wake kila siku.

Miji iliyochomwa ikaishi, na isiyochomwa ikafa

Tukiipanua ramani, shtaka linazidi kutetereka. Shanga, katika kisiwa cha Pate, ilihamwa yapata mwaka 1425, kabla Mreno hajaonekana na kabla Waoromo hawajatajwa pwani. Gede na Mnarani zilififia karne ya 17. Takwa, katika kisiwa cha Manda, ilihamwa mwishoni mwa karne hiyo au mwanzoni mwa ile iliyofuata. Mtwapa iliendelea hadi karne ya 18. Jeshi moja haliwezi kuwa limeipiga miji hii yote kwa muda wa miaka mia tatu.

Kwa upande mwingine, itazame Mombasa. Iliporwa na kuchomwa mwaka 1505. Ikavamiwa tena na Nuno da Cunha mwaka 1528. Mwaka 1589 ikapigwa na Wareno baharini huku Wazimba wakiingia kutoka bara. Iwapo moto ndio unaoua miji, Mombasa ingekuwa msitu leo. Badala yake ndiyo jiji. Ilikuwa na bandari nzuri, na kila aliyeichoma alitaka kuitumia, kwa hiyo kila mara ilijengwa upya.

Hapa ndipo ilipo hoja kuu ya makala haya. Mji haufi kwa sababu umepigwa. Mji hufa pale ambapo, baada ya kupigwa au kuogopa kupigwa, watu wake hawaoni tena faida ya kurudi. Kinachopaswa kuchunguzwa na mwanaakiolojia si siku ya uvamizi tu, bali ni miaka ishirini inayofuata: kisima, soko, shamba na njia.

Kwa haki, ni lazima tukubali jambo moja linalowapa nguvu walalamikaji. Katika karne ya 17 miji ya bara kaskazini mwa Mombasa ndiyo iliyopungua sana, ilhali Pate, Siyu na Lamu, zilizoko visiwani, ziliendelea. Mpangilio huo unaashiria kwamba kukaa bara kulikuwa na hatari. Tunakiri. Lakini hatari ya jirani ni sababu moja miongoni mwa sababu, na haistahili kuandikwa kana kwamba ndiyo pekee.

Ushahidi kutoka Sericho

Baadhi ya wasomaji watauliza: je, kukosekana kwa majivu si ushahidi tosha kwamba vita havikuwepo? La hasha, na historia ya kwetu yenyewe inatukataza kusema hivyo.

Kati ya mwaka 1963 na 1967 eneo la Isiolo lilipitiwa na vita vya Shifta. Serikali iliwakusanya wafugaji katika kambi zilizolindwa, zikiwemo za Garba Tulla na Merti. Mifugo ilikufa, ikachukuliwa, ikaisha. Waborana huuita wakati huo "gaafa daaba", yaani wakati wa kusimamishwa, kwa sababu watu waliozoea kuhama walizuiwa kuhama. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ya mwaka 2013 iliyaandika mateso ya vita hivyo.

Sasa tujiulize, mwanaakiolojia atakayefika baada ya miaka 400 atakuta nini? Nyumba zetu zilikuwa za fito na mikeka, zilizobebwa na ngamia. Zizi lilikuwa la miiba. Mchwa na upepo haviachi kitu. Pengine ataokota maganda machache ya risasi. Vita vilivyowafukarisha maelfu havitakuwa na tabaka la majivu. Kitakachoonekana, kama atakuwa na jicho, ni badiliko la makazi: watu waliotawanyika wamekusanyika mahali pachache, na wengi hawakuondoka tena, kwa kuwa hapakuwa na ng'ombe wa kufuata.

Kwa hiyo ukimya wa ardhi ya Gede hauwaachilii huru Waoromo moja kwa moja, kama ambavyo hauwatii hatiani. Wapiganaji wa miguu wenye mikuki huweza kupita bila kuacha alama. Lakini mwenye kudai ndiye anayepaswa kuthibitisha, na hadi sasa kilichothibitishwa ni hofu, upungufu wa maji na kuhama kwa biashara. Jina la mvamizi limetoka midomoni mwa watu, halikutoka ardhini.

Hitimisho

Makala haya hayakukusudia kuwatakasa Waoromo, wala kuwabeza wazee wa pwani waliosimulia waliyoyasikia. Simulizi ni ushahidi, ila ni ushahidi unaohitaji kuhojiwa sawa na ushahidi mwingine. Tulichokiona ni kwamba akiolojia huweza kuthibitisha moto, silaha, mifupa na kuta, lakini husita inapofika kwenye jina. Na kwamba Mombasa iliyochomwa mara tatu iliishi, ilhali Gede isiyo na tabaka la majivu ilikufa.

Baadhi yetu tutakuwa walimu. Siku tutakaposimama mbele ya darasa na kuulizwa kwa nini Gede ilihamwa, tusitoe jibu la neno moja. Tuseme: mji ulijikunja ndani ya ukuta mdogo, kisima chake kikashuka, soko lake likahamia Mombasa, na bara yake ikawa na hatari, ambayo kwa sehemu ilitokana na jirani wapya waliofika. Jibu hilo ni refu zaidi, lakini lina faida ya kuwa na ushahidi. Tena, katika darasa hilo huenda ameketi mtoto kutoka Sericho.

Maswali ya mjadala

1. Taja dalili tano za vita katika akiolojia, kisha ueleze ni zipi zinazoonekana Gede na ni zipi zisizoonekana.

2. Linganisha hali ya Roma baada ya mwaka 410 na ya Mombasa baada ya mwaka 1505. Ni nini kiliiwezesha kila moja kuendelea?

3. Katika eneo unakotoka, je, kuna vita vinavyokumbukwa na wazee? Chunguza ni alama gani vilizoacha ardhini, na ni zipi vilizoacha katika majina ya mahali.